Joto la Sakafu ya Baba Ciru

Mumbua,

Tangu nianze kupanda mbegu hapa Silanga, Kibera, haijatokea mbegu iliyolala chini ya mkono wangu ikakataa kuamka. Nyanya, hoho, sukuma, biringanya, zote zikisikia baba yako amefika na jembe zinatoka mbio kama watu waliosikia mkutanoni kuna soda ya bure.

Haya, cheka umalize. Wewe ndiwe uliyekuwa ukizifukua zile zilizooza na kuniletea kwenye kiganja: "Baba, hii nayo imelala ama imekufa?" Mbegu nilizoziua mimi zingeota, Kibera nzima ingekula mboga mpaka ichoke. Nimeanza na uongo ili mkono uzoee kalamu. Mtu aliyeachia shule darasa la nne akianza na ukweli moja kwa moja anachana karatasi.

Umeenda Makina kuchukua sweta yako kwa fundi, na yule fundi hadithi zake haziishi, kwa hivyo nina muda. Kesho asubuhi unahama. Barua hii nitaitia ndani ya gunia lako la mbegu, kati ya terere na managu, uikute huko huko. Ningekuambia haya kwa mdomo, lakini wewe unaujua mdomo wangu. Ukikaribia jambo zito unakimbilia mzaha, kama mbuzi aliyenyeshewa anavyokimbilia kibanda cha mtu. Kalamu angalau ni ya polepole. Nikitaka kufanya mzaha lazima kwanza nifikirie herufi zake.

Sitakuambia mambo ya kufunga mlango, kuamka mapema na kutoongea na wavulana. Mlango utafunga. Wavulana utaongea nao hata nikiandika kwa wino mwekundu. Nitakuandikia juu ya udongo baridi, maana ndicho kitu pekee nilichosoma mpaka mwisho, na nilikisoma kwa kufeli.

Watu wakiniuliza kesho mtoto ameenda wapi, nitasema Kawangware. Watacheka. Kawangware ni kutoka hapa, upite Makina, utokee Barabara ya Ngong, ushike Dagoretti Corner, umefika na vumbi halijakupanda magotini. Lakini sisi tuliokuwa hapa mwezi wa kwanza tunajua kwamba mwaka huu Kawangware imesogezwa mbali. Kuna watu walioondoka mtaa huu kwenda huko na godoro kichwani, na mpaka leo hawajarudi hata kusalimia.

Acha nianzie nyuma kidogo.

Mimi nilitoka Kitui, na Kitui udongo unachoma nyayo. Unatupa kunde, unaangalia mbinguni, mvua ikinyesha tu, baada ya siku chache kunde imekutolea macho. Kwa hivyo nilikuja Nairobi nikijua kwamba mbegu ina shida moja tu duniani, maji. Nilipofika hapa Silanga nikaona bwawa. Mumbua, Mkamba aliyekulia kwenye ukame akionyeshwa bwawa, akili inahama. Nilipata kile kipande chetu cha shamba kando ya maji, nikapanda nyanya mwezi wa saba, baridi kama hii ya sasa, na nikanyunyizia. Asubuhi nikanyunyizia, mchana nikanyunyizia, jioni nikasema wacha niongeze kidogo kwa sababu yapo. Nilijiona tajiri. Zisipotoka naongeza maji. Zikizidi kukataa nazidi kuongeza.

Mama yako ndio kwanza alikuwa amefika kutoka nyumbani, hata majirani hajawajua. Akaniletea chai shambani akanikuta nimechutama na mkebe.

"Unafanya nini?"

"Nanyunyizia nyanya."

Akatia kidole kwenye udongo, akatoa mbegu moja, akaibana. Ikatoa kitu kama usaha.

"Hunyunyizii," akasema. "Unaosha maiti."

Kisha akanishika mkono akaulaza kiganja chini, pale kitaluni, akaushikilia hapo. Nikataka kuutoa, akaukandamiza. Udongo mweusi wa bwawa, umeshiba maji, baridi yake inaingia mpaka kwenye mfupa. Akaniuliza, "Wewe ungelala hapa?"

Niliuachia mkebe. Siku hiyo sikunyunyizia tena.

Alichokuwa akifanya mama yako wewe umekiona, ila hukumwona akikianza. Mbegu za hoho alizifunga kwenye kitambaa kibichi, akazifunga tena kwa leso tumboni, akatembea nazo. Akienda sokoni yuko nazo. Akipika yuko nazo. Kanisani wanawake wakaanza kumpongeza na kumpisha kwenye benchi, naye akakaa tu kwa raha zake, hakuwaambia ni hoho. Mbegu zikishatoa kijimkia cheupe ndipo anaziangalia kama zinafaa kwenda nje. Huku nyuma kitalu amekiinua juu ya matuta ili maji yashuke, amekifunika kwa nailoni nyeusi karibu wiki nzima kabla ya kupanda, na maji ya kunyunyizia ameyaacha juani kwenye mtungi mpaka yawe kama ya kuogesha mtoto. Hapandi jioni. Anapanda jua likishapanda. Na kabla ya kupanda anavua viatu, anasimama kitaluni. Mguu ukikunja vidole, anavaa viatu anarudi nyumbani. Kesho ipo.

Hiyo "kesho ipo" ndiyo ilinishinda mimi. Kila kitu kingine niliiga. Nikaona nailoni inachelewa, nikasema mimi ni mwanamume, nitatafuta moto wa haraka. Ndipo nikaleta mbolea ya kuku, mbichi, ile inayotoa machozi, nikaizika chini ya kitalu chote. Kweli ilipata joto. Ilipata joto mpaka moshi ukatoka asubuhi, nikawaita watu waje waone. Sukuma zote nilizozipanda humo ziliiva kabla ya kuota. Mama yako akafukua moja akaniambia, "Hii imebaki chumvi tu." Nilinuna siku nzima. Sijui kwa nini nilinuna, maana alikuwa amechekesha kunizidi.

Sasa tuje kwa Baba Ciru. Nimezunguka sana kama mtu anayetafuta mahali pa kukojoa, lakini ni huko nilikokuwa nikienda tangu mwanzo.

Wewe na Ciru mlikua pamoja, mkivaa nguo za kubadilishana mpaka mtu hajui ni ya nani. Lakini ulikuwa mdogo kujua jinsi mimi na baba yake tulivyoanza. Alikuja hapa kuuza makaa, akajenga kibanda na stoo ukutani mwa shamba letu. Kwao ni Kawangware, watu wenye ardhi yao na ploti za kupangisha, lakini alikuwa amekosana na ndugu zake akaondoka. Nilipojua hilo nikaanza kumwita Landilodi, kwa sababu alikuwa mtoto wa wenye nyumba anayelipa kodi. Naye kwa kuwa mimi ni Mkamba, na Wakamba tunasemwa kwa uganga, akaniita Mganga. Kila asubuhi ananipigia kelele juu ya ukuta wa mabati:

"Mganga! Mbegu zimeamka ama zinangoja parapanda?"

"Zimeamka, Landilodi. Zinauliza kodi yako utalipa lini."

Na ndiye aliyenionyesha vumbi la makaa. Zile chenga zinazobaki chini ya gunia, ambazo wengine humwaga mtaroni, yeye alinipa bure, nikazitandaza juu ya kitalu kwa safu nyembamba. Udongo ukawa mweusi tititi, ukawa unavuta jua kama bati. Kiganja kikilazwa saa sita kinatabasamu. Miaka yote hiyo watu wakisifu miche ya Silanga, walikuwa wanasifu mikono ya mama yako na takataka za Baba Ciru. Mimi nilikuwa msemaji wao.

Mama yako alipotutoka, ni Baba Ciru aliyekaa nami. Alileta kiti chake upande huu wa ukuta, akakaa, na kila tukinyamaza sana ananiuliza kuhusu mbegu. Alijua mbegu nitaziongelea.

Halafu ikaja ile Krismasi, kura zikapigwa, matokeo yakasomwa, na mtaa ukageuka, watu wa kabila la Baba Ciru wakaanza kufukuzwa. Mengine uliyaona mwenyewe, sina haja. Nakumbuka wale vijana walionisimamisha pale njiani na rungu: "Buda, wewe ni wa wapi?" Nikasema wa Kitui. "Ongea kikwenu tusikie." Nikawaongelea Kikamba mpaka wakaniomba ninyamaze. Nilirudi nyumbani nikikuchekesha kwa hilo, lakini sikutoka tena mpaka kesho yake.

Baba Ciru alikuwa ameshatoka na familia yake siku iliyotangulia, na godoro, na Ciru analia. Vijana walipokuja kuchoma kilikuwa kibanda kitupu na stoo imejaa magunia. Mchana kweupe. Mimi nilifunga mlango nikachungulia kwenye tundu la msumari. Kila mtu alifunga mlango. Sikuwatambua wote, niliwatambua wengine, na wengine wao bado wananunua miche kwangu na kuniita mzee.

Makaa hayaungui kama nyumba, Mumbua. Nyumba iliisha upesi. Makaa yaliendelea chini kwa chini, chini ya majivu, siku nyingi. Ukipita hapo unasikia joto kwenye ndevu. Mvua ndogo ilinyesha ikatoa mvuke, na kesho yake pakawa pakavu tena. Na mimi, badala ya kuona nyumba ya rafiki yangu, unajua niliona nini? Niliona kitalu.

Ulikuwa mwezi wa kwanza, msimu wa kuotesha hoho za mvua ya masika. Usiku wa hapa kando ya maji una baridi hata mwezi wa kwanza, hiyo ni kweli, na nilijiambia hivyo. Lakini jua la mchana la mwezi wa kwanza lenyewe lingetosha. Nailoni ingetosha. Mama yako angesema kesho ipo. Nilichukua masanduku yangu ya mbegu nikayapanga kwenye sakafu ya Baba Ciru, juu ya majivu, kama mtu anayepanga sufuria kwenye jiko. Nikapima kwa kiganja, pale pakali nikaepuka, pale pa wastani nikaweka. Nilifunika kwa nailoni. Nilijiona fundi.

Wewe ulisema, "Baba, hapo si kwetu."

Nikakuambia, "Sasa hivi hapo si kwa mtu."

Nimeandika hiyo sentensi nikaiangalia. Sitaifuta.

Ziliota. Hilo ndilo linalonichoma. Miaka yote ya kuomba na kubembeleza, hazijawahi kutoka namna hiyo, sanduku zima kijani, hakuna pengo. Na siku nilipofunua nailoni nikaziona, nikageukia ukuta wa mabati ili nimpigie Landilodi kelele aje aone. Ukuta wenyewe haukuwepo.

Alikuja siku mbili tatu baadaye, na pikapu na askari wawili, kuangalia kama kuna kitu kimebaki. Ulikuwa nyuma yangu na ndoo. Alisimama pale palipokuwa mlango. Akaangalia sakafu yake, na juu ya sakafu yake masanduku yangu, na ndani ya masanduku hoho zimesimama.

Nilikuwa na muda wa kutosha wa kuchagua neno. Alitembea polepole. Na mimi nikafungua huu mdomo:

"Karibu, Landilodi! Umenikuta nakulindia nyumba. Na hawa ndio wapangaji wako wapya, hawana kelele."

Askari mmoja akacheka. Ni yeye tu aliyecheka.

Baba Ciru akasema, kwa sauti ya kawaida kabisa, "Hapo penye hilo sanduku ndipo kichwa cha kitanda kilipokuwa."

Akachutama. Akashika sanduku kwa mikono miwili, akalisogeza pembeni taratibu, hata udongo haukumwagika. Akachokora majivu kwa kijiti mpaka akatoa ile pasi ya makaa ya marehemu mama yake, nyeusi, mpini umeungua. Akaipangusa kwenye suruali. Halafu, Mumbua, akalishika sanduku tena, akalirudisha pale pale lilipokuwa. Akavuta nailoni ikafunika kona iliyoachwa wazi.

"Zisije zikashikwa na baridi," akasema.

Na akaniaga. "Kaa salama, Mutinda." Si Mganga. Mutinda. Tangu tujuane alikuwa hajawahi kuniita kwa jina langu.

Pikapu ilipoondoka ukaniambia, "Baba, kwani huwezi kunyamaza hata mara moja?" Kisha ukanyamaza wewe. Kwa muda mrefu ulikuwa unaniambia maneno yale yale tu: chakula kiko kwa sufuria, maji yameisha, naenda. Mimi nikajaribu kukuchekesha. Niliiga sauti ya pasta, niliiga yule mama wa samaki, niliiga hata mimi mwenyewe. Uliosha vyombo.

Neno lenyewe lilikuwa pole. Nimelitafuta sana tangu siku hiyo, kumbe ni fupi hivyo. Ningesema pole ningekuwa nimemaliza, hata masanduku angeyaelewa. Watu wa Silanga wananijua kwa kupima udongo kwa kiganja. Lakini yule mtu alisimama mbele yangu amepoa kama kitalu cha mwezi wa saba, na mimi nikammwagia maji.

Sasa sikiliza ulichofanya wewe, maana sijawahi kukuambia kwamba nilikiona. Viongozi waliposhikana mikono na barabara zikatulia, ukaamka asubuhi ukang'oa miche yote ya yale masanduku, ukaifunga mizizi kwa magunia mabichi, ukaipanga kwenye karai. Nikakuuliza unapeleka sokoni? Ukasema, "Naipeleka kwa wenyewe." Ukaitwika ukaondoka kwa miguu, msichana mmoja na karai la hoho, kwenye njia ambayo wanaume wazima walikuwa bado wanaiogopa. Nilikaa mlangoni siku nzima. Hakuna aliyenunua kitu kwangu siku hiyo, nadhani nilikuwa na uso wa kufukuza wateja.

Jioni ukarudi na karai limejaa mizizi ya nduma, na habari. Kwamba Baba Ciru amepatana na ndugu zake, wamempa kipembe cha ardhi nyuma ya vyumba vya kupangisha. Kwamba alizipanda hoho mwenyewe, wewe ukimwelekeza, na alikuwa anazishika kama mayai. Kwamba Ciru anasema mfungue kitalu cha miche pamoja. Ulikuwa unaongea na mimi tena. Nilitaka kukuuliza kama aliniulizia, nikakuuliza kama nduma ni za kwao ama za sokoni.

Hivyo ndivyo kuhama kwako kulivyoanza. Huhami kwa sababu ya ndoa wala kazi ya mjini. Unahama kwa sababu ya miche iliyoota mahali nilipokosea. Sijui hilo tuliite nini, na sitajaribu.

Kuhusu udongo wa huko, nina machache, halafu ninyamaze. Ule ni mwekundu, hauna maringo kama huu wetu wa bwawa. Maji yanapita, jua linaingia, utapata joto upesi kuliko hapa. Lakini Kawangware iko juu, na ukungu wa mwezi wa saba unakaa mpaka watoto watoke shuleni kwa chai. Mtataka miche iwe tayari kabla ya mvua za Oktoba, na wewe utataka kuwaonyesha kazi. Nakujua, hilo umelitoa kwangu, si kwa mama yako. Utafika kesho na kesho kutwa utataka kupanda. Usipande. Funika tu, uweke maji juani, uoshe vyombo, usikilize wanavyoongea. Kuna wapangaji watakaokuuliza wewe ni wa wapi kwa salamu, na watakaokuuliza kwa jicho. Ukisema unatoka Kibera kuna atakayekumbuka kitu. Huyo usimbembeleze na usimjibu. Mpe muda wa kukuona ukichota maji kama watu wengine. Mimi kila nilipoona kitu kimepoa nilikimbilia moto, mbolea ama mzaha, na umeona vilivyopikika.

Sisemi kuwa polepole ndiyo dawa ya kila kitu. Mimi nimekuwa polepole tangu mwezi wa kwanza, na haijanisaidia chochote. Nimekaa tu. Kuna kungoja kwa mama yako, ambako chini yake kuna nailoni na maji ya jua na mguu unaopima kila siku. Na kuna kungoja kwangu, ambako ni kukaa nyumbani na kusema nina kazi.

Umeniambia mara nyingi twende wote. Nikakujibu, nani atachunga shamba? Shamba gani, Mumbua? Nusu yake imeliwa na vibanda na nusu nyingine bwawa linakuja kuichukua likijisikia. Nilisema hivyo kwa sababu siwezi kuingia kwenye boma la Baba Ciru nikamkuta amekaa na sijui mdomo wangu utasema nini.

Nimeanza kujizoeza kuishi peke yangu. Jumapili ulipokuwa kanisani nilijitania mwenyewe kwa sauti, nikangoja. Hakuna aliyecheka. Hata kuku alitoka nje. Upande wa kushoto hakuna tena mtu wa kuniita Mganga, pale kwenye sakafu yake sasa wanaegesha mikokoteni. Kuanzia kesho upande wa kulia hakutakuwa na wa kuniambia ninyamaze. Nitakuwa mtu huru kabisa, nitaongea ujinga kutwa nzima bila kizuizi. Sijui kwa nini hilo linanifanya nitake kulala mapema.

Nasikia watu njiani, labda ni wewe. Wacha nimalize.

Wiki iliyopita Ciru alipopiga simu ukaiweka ile sauti ya kusikika nyumba nzima, mimi nilikuwa nafunga magunia, najifanya sisikii. Nikasikia baba yake huko nyuma, yuko mbali na simu: "Na huyo mzee hataki kuja kuona hoho?" Wewe ukanigeukia. Ningeweza kusema chochote. Nikasema mguu unaniuma. Ukamwambia Ciru, Ciru akamwambia baba yake, naye akasema, "Basi apone." Simu ilipokatika ukaniuliza, mguu gani? Nikakuonyesha wa kushoto. Kesho yake nikachechemea wa kulia, na wewe ukaona, na hukusema kitu. Asante kwa hilo.

Sasa nina ombi, na si zawadi nakuomba, ni haki yangu. Unakumbuka darasa la sita, wewe na Ciru mlipotoroka shule mkaenda kutazama ndege zikitua, na mwalimu wenu akaja mpaka hapa mlangoni kuuliza? Nilisimama mbele yake nikamwambia tumbo lilikukamata kwa maharagwe mabovu, nikamweleza mpaka rangi ya matapishi. Yule mwalimu alipiga magoti akaliombea tumbo lako, na mimi nikaitikia amina nikiwa nimefumba macho. Mbele za Mungu, Mumbua. Kwa ajili yako. Kwa hivyo mimi nakudai uongo mmoja.

Nilipe huu. Ukifika kesho, na Baba Ciru akuulize habari ya mguu wangu, mwambie umepona.

Baba yako,
Mutinda